Tukate rufaa leo? Kuhusu maamuzi madogo katika mashauri ya madai

Swali ambalo wateja huniuliza mara nyingi zaidi tukiwa bado kwenye korido ya mahakama si kama watashinda, bali ni kama tunaweza kukata rufaa siku hiyohiyo. Hakimu ametoka kusoma uamuzi mdogo: pingamizi la awali limekataliwa, au kielelezo hakikupokelewa, au ombi la kuahirisha shauri halikukubaliwa, na mdaawa anaona kwamba kesi yake imekwisha kuharibika kabla shahidi wake wa pili hajapanda kizimbani. Kwa sehemu kubwa ya maamuzi ya aina hiyo jibu langu ni hapana, hatuwezi, na jibu hilo humwacha mtu na uchungu kwa sababu kwake linasikika kama kuambiwa kwamba kosa la mahakama halina wa kulirekebisha. Sivyo ilivyo. Rufaa ipo, ila imewekwa mahali pengine katika safari ya shauri, na ni jukumu letu sisi mawakili kuhakikisha kwamba siku itakapofika tutaikuta bado hai.

Nianze na sheria yenyewe. Mwaka 2002 Bunge la Tanzania lilipitisha Sheria Na. 25, ambayo ni moja ya zile sheria za marekebisho ya sheria mbalimbali zinazopita bila kelele nyingi. Iligusa Sheria ya Mamlaka ya Rufani (Sura ya 141), Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai (Sura ya 33) na Sheria ya Mahakama za Mahakimu (Sura ya 11), na katika zote tatu iliingiza katazo lenye maneno yanayokaribiana sana: hakuna rufaa wala maombi ya mapitio dhidi ya uamuzi au amri yoyote ya awali au ya katikati ya shauri, isipokuwa kama uamuzi huo una athari ya kulimaliza shauri. Katika Toleo la 2019 la sheria zetu katazo hilo linapatikana katika kifungu cha 5(2)(d) cha Sura ya 141, vifungu vya 74(2) na 79(2) vya Sura ya 33, na kifungu cha 43(2) cha Sura ya 11. Anayetumia Toleo la 2023 aangalie kwa makini, kwa kuwa namba za vifungu vingi zimesogea. Kanuni za Mahakama ya Kazi za mwaka 2007 nazo zina katazo kama hilo kwa migogoro ya ajira.

Wapo wanasheria wanaoliona katazo hili kama ukatili. Mimi naliunga mkono kwa moyo wote, na sababu yangu ni hali iliyokuwepo kabla yake. Katika shauri la Aero Helicopter, lililoripotiwa mwaka 1990, Mahakama ya Rufani ilieleza kwamba mwenendo wa rufaa ukishaanza, Mahakama Kuu haina tena mamlaka ya kuendelea na shauri lililokatiwa rufaa. Kanuni hiyo ni nzuri, maana mahakama mbili haziwezi kulishika jambo moja kwa wakati mmoja. Lakini mtu mwenye nia ya kuchelewesha aliigeuza kuwa silaha. Ilimtosha kuweka pingamizi lisilo na kichwa wala miguu, likakataliwa, akawasilisha taarifa ya kusudio la kukata rufaa, na shauri zima likasimama huku jalada likisafiri kwenda juu. Rufaa iliposikilizwa na kukataliwa, jalada lilirudi, naye akabuni pingamizi jingine. Mdai aliyekuwa anadai deni lake au kiwanja chake alizeeka akiwa bado hajatoa ushahidi hata wa dakika moja, na shahidi wake muhimu pengine alikuwa amekwisha kufariki. Katika mchezo huo aliyeshinda ni yule mwenye uwezo wa kumlipa wakili kwa muda mrefu zaidi, na katika migogoro mingi ya mikopo na ardhi mtu huyo hakuwa mnyonge.

Kipimo cha kujua kama uamuzi umelimaliza shauri au la kina historia ndefu. Mahakama ya Rufani ilikiweka wazi katika shauri la Tanzania Motor Services, Rufaa ya Madai Na. 115 ya mwaka 2005, kwa kufuata hukumu ya Uingereza ya mwaka 1903 katika shauri la Bozson dhidi ya halmashauri ya mji wa Altrincham. Katika shauri hilo la Uingereza ilikuwa imeamriwa kwamba suala la kuwajibika lisikilizwe kwanza na suala la fidia libaki nyuma. Jaji akaona kwamba hapakuwa na mkataba wowote, akalifuta dai. Ubishi ukawa kama uamuzi huo ulikuwa wa mwisho au wa katikati. Jaji Mkuu Alverstone alisema kinachotazamwa ni amri yenyewe kama ilivyotolewa: je, imemaliza haki za wadaawa? Kama imezimaliza ni ya mwisho, na kama haijazimaliza ni ya katikati. Hakuna haja ya kuuliza ombi lilikuwa la aina gani, wala ingekuwaje kama uamuzi ungekwenda upande wa pili.

Hapo ndipo wateja wengi hushangaa, kwa sababu kipimo hiki huzaa matokeo yanayoonekana kama upendeleo. Tuseme mdaiwa ameweka pingamizi kwamba dai limefunguliwa nje ya muda. Pingamizi likikubaliwa, shauri limekufa, na mdai anaweza kukata rufaa mara moja. Likikataliwa, shauri linaendelea, na mdaiwa hawezi kukata rufaa hata kama ana hakika kwamba hakimu amekosea hesabu za miaka. Pingamizi ni lilelile na hoja ni zilezile, lakini mmoja ana rufaa leo na mwingine anaambiwa asubiri. Ukilitafakari, hata hivyo, utaona kwamba hakuna aliyeonewa. Aliyefungiwa mlango hana pengine pa kusemea isipokuwa kwenye rufaa. Aliyebaki ndani ya shauri bado anaweza kushinda kwa ushahidi wake, na akishinda, lile pingamizi lililokataliwa halitakuwa na maana yoyote kwake. Kwa nini mahakama ya rufaa ikae kuamua jambo ambalo huenda mwenye kulilalamikia asingelihitaji tena?

Kabla sijaendelea, niseme neno kuhusu mapingamizi yenyewe, kwa kuwa ndiyo yanayozaa maamuzi madogo mengi kuliko kitu kingine chochote. Mwaka 1969 iliyokuwa Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, katika shauri la Mukisa Biscuit lililotoka Uganda, ilisema kwamba pingamizi la awali ni hoja tupu ya sheria, inayotokana na nyaraka za madai, inayojadiliwa kwa kuchukulia kwamba maelezo ya upande wa pili ni ya kweli. Likihitaji ushahidi, au likitegemea hiari ya mahakama, hilo si pingamizi. Rais wa mahakama hiyo, Sir Charles Newbold, alilalamika waziwazi kwamba mapingamizi yasiyostahili yanaongeza gharama na kuchanganya mambo, na akataka tabia hiyo ikome. Zaidi ya nusu karne imepita, kila wakili wa Afrika Mashariki ameisoma hukumu hiyo chuoni, na bado asubuhi moja tu mahakamani inatosha kukuonyesha kwamba haijakoma.

Ugumu wa kweli uko kwenye maamuzi ya mpakani, na hapa kukosea kuna gharama pande zote mbili. Mahakama ikikataa kuitengua hukumu ya upande mmoja, yaani iliyotolewa mdaiwa akiwa hayupo, mdaiwa amemalizwa katika mahakama ile, kwa hiyo uamuzi huo unakatiwa rufaa. Ikikataa kumwongezea mtu muda wa kukata rufaa, ni hivyohivyo. Lakini ikimruhusu mdai kurekebisha hati ya madai, au ikikataa kumuunganisha mtu fulani katika shauri, au ikikataa zuio la muda, yaani amri ya kusimamisha jambo fulani wakati shauri likiendelea, shauri la msingi bado liko palepale, na uamuzi huo ni wa katikati. Ukiuchukulia uamuzi wa mwisho kama wa katikati ukasubiri, siku 30 za kuwasilisha taarifa ya rufaa kwenda Mahakama ya Rufani zitapita, nawe utajikuta unaomba kuongezewa muda kwa kisingizio cha kutojua sheria, kisingizio ambacho hakijawahi kumfikisha mtu mbali. Ukiuchukulia wa katikati kama wa mwisho, rufaa yako itaondoshwa, na utakuwa umelipa gharama na kupoteza miaka bila hoja yako kusikilizwa. Kuondolewa kwa hitaji la kuomba kwanza kibali cha mahakama katika rufaa za madai kwa Sheria Na. 11 ya mwaka 2023 kumewafanya baadhi ya watu wadhani kwamba sasa njia ni nyeupe kwa kila kitu. Kilichoondolewa ni kibali. Katazo la mwaka 2002 bado lina nguvu zake zote.

Basi mwenye uamuzi wa katikati anabaki na nini? Anabaki na kanuni ambayo imo katika sheria yetu ya mwenendo tangu tulipoirithi kutoka India: hukumu ya mwisho inapokatiwa rufaa, kosa lililomo katika amri yoyote iliyotolewa njiani, ikiwa liliathiri uamuzi wa shauri, linaweza kuwekwa kuwa sababu ya rufaa. Kwa hiyo uamuzi mdogo hautoweki. Unalala ndani ya jalada ukisubiri hukumu. Lakini ili uamke, lazima uwe umeandikwa, na hapa ndipo ninapotaka kukaa kidogo.

Nilimwakilisha mama mmoja aliyekuwa anadai kiwanja alichonunua kwa hati ya mauziano ya mkono, karatasi moja yenye mistari, iliyosainiwa na muuzaji pamoja na mashahidi wawili, na kukunjwa mara nyingi hadi mikunjo imeanza kuachia. Alipoitoa ili ipokelewe kama kielelezo, wakili wa upande wa pili alisimama na kusema haijalipiwa ushuru wa stempu. Hakimu alikubaliana naye, hati ikarudishwa mikononi mwa mama, na tukaambiwa tuendelee na shahidi anayefuata. Jambo lote halikuchukua muda hata wa kumaliza glasi ya maji. Sheria ya Ushuru wa Stempu haiagizi hati itupwe moja kwa moja. Inatoa nafasi ya mhusika kulipa ushuru pamoja na adhabu, kisha hati ipokelewe. Hiyo ndiyo hoja niliyoitoa. Lakini nilipochungulia wakati hakimu anaandika, niliona amejaza mstari mmoja tu: kwamba hati imekataliwa.

Nilisimama tena, nikaomba kwa heshima kwamba mwenendo wa shauri, yaani kumbukumbu anayoiandika hakimu, uonyeshe mambo matatu: hati ilikuwa ya nini na ya tarehe ipi, pingamizi lilikuwa lipi, na kwamba tuliomba nafasi ya kulipa ushuru ombi likakataliwa. Nikaomba pia hati yenyewe ibaki katika jalada ikiwa imewekewa alama ya utambulisho tu, ili mahakama nyingine itakapolifungua jalada iikute. Mama alinishika mkono tulipotoka nje akaniuliza kwa nini ninabishania karatasi ambayo imeshakataliwa, badala ya kwenda juu. Nilimweleza kwamba kwenda juu siku ile kungetuchelewesha bure na pengine kutuponza, lakini ile mistari michache iliyoongezwa ndiyo itakayokwenda juu kwa niaba yetu. Shauri alilishindwa. Katika rufaa Mahakama Kuu, sababu yetu ya kwanza ilihusu hati ile, na jaji hakuwa na haja ya kubahatisha kilichotokea, kwa sababu kilikuwa kimeandikwa. Shauri lilirudishwa chini ili ushuru ulipwe na ushahidi huo upokelewe.

Nimeona mashauri mengine ambayo hayakuwa na bahati hiyo. Wakili alilalamika kwa sauti, mteja aliridhika kwamba ametetewa, lakini hakuna aliyehakikisha kwamba kalamu ya hakimu imefuata. Mwenendo wa shauri ukishaandikwa, kile ulichosema mahakamani lakini hakimo ndani yake ni kama hukukisema, na kuupinga mwenendo ulioandikwa ni kazi ngumu mno.

Hata sababu ikishafika mbele ya mahakama ya rufaa, haitoshi kuonyesha kwamba hakimu angeweza kuamua vinginevyo. Maamuzi mengi ya njiani ni ya hiari: kuahirisha au kutoahirisha, kuongeza muda, kuruhusu marekebisho. Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilisema katika Mbogo dhidi ya Shah, mwaka 1968, kwamba haitaingilia hiari ya jaji isipokuwa kama imeridhika kwamba ameelekea kombo katika jambo fulani akafikia uamuzi usio sahihi, au ni dhahiri kutokana na shauri zima kwamba alikosea kabisa na dhuluma ikatokea. Shauri hilo lilihusu kutengua hukumu ya upande mmoja, na mahakama ilikubali msimamo kwamba hiari ya namna hiyo imewekwa kumwokoa aliyepatwa na ajali au kosa linalosameheka, si kumsaidia anayekwepa na kuchelewesha haki kwa makusudi. Aidha, kosa ambalo halikugusa kiini cha shauri wala mamlaka ya mahakama haliwezi kuiangusha hukumu. Ndiyo maana sababu nzuri ya rufaa haisemi tu kwamba kielelezo kilikataliwa kimakosa. Inaonyesha ni jambo gani lililobaki bila uthibitisho kwa sababu hiyo, na ni katika ukurasa gani wa hukumu hakimu alilitumia pengo hilo kumnyima mdaawa haki yake.

Wapo wanaojaribu njia ya mapitio, yaani kuiomba mahakama ya juu iite jalada na kulikagua. Mlango huo nao ulifungwa na katazo hilohilo, na hata kabla ya hapo Mahakama ya Rufani ilikuwa imeonya, katika mashauri ya Moses Mwakibete la mwaka 1995 na Halais Pro-Chemie la mwaka 1996, kwamba mapitio si mbadala wa rufaa isipokuwa katika mazingira ya pekee. Marejeo, yaani mahakama ileile kuurejea uamuzi wake, yana wigo mwembamba, hasa wa makosa yanayoonekana wazi kwenye kumbukumbu za shauri, na si nafasi ya kumshawishi upya hakimu aliyekwisha kukataa.

Eneo moja linanisumbua kwa dhati, nalo ni zuio la muda. Vigezo vyake tunavijua tangu Atilio dhidi ya Mbowe, mwaka 1969: kuwe na suala zito la kuamuliwa lenye uwezekano wa mwombaji kushinda, kuwe na hatari ya madhara yasiyofidika, na ipimwe nani ataumia zaidi. Kwa anayezuiwa, sheria imeweka ulinzi wa kutosha. Amri ya zuio haiwezi kuzidi miezi sita, na ikiongezwa, jumla yake haiwezi kuzidi mwaka mmoja. Tena asiyeridhika nayo anaweza kurudi mahakama ileile kuomba ibadilishwe au iondolewe. Lakini kwa anayenyimwa zuio hali ni tofauti kabisa. Nyumba yake iliyowekwa rehani itatangazwa na kupigwa mnada shauri likiwa linaendelea, na Sheria ya Ardhi inamlinda mnunuzi aliyenunua kwa nia njema. Miaka mitatu baadaye anaweza kushinda, na katika rufaa akathibitishiwa kwamba zuio lilinyimwa kimakosa, lakini nyumba aliyozalia wanawe haitarudi. Atapewa fidia, ikiwa mdaiwa bado yupo na ana cha kulipa. Kwa mtu huyu kumwambia asubiri hukumu ya mwisho si kumcheleweshea rufaa, ni kumnyima.

Wenzetu wa Kenya wamelishughulikia jambo hili kwa namna nyingine. Chini ya kifungu cha 75 cha sheria yao ya mwenendo wa madai na Agizo la 43 (Order 43) la kanuni zao za mwaka 2010, zipo amri zilizoorodheshwa ambazo hukatiwa rufaa kama haki, zikiwemo za mazuio, na nyingine huhitaji kibali kinachoombwa kwanza kwa mahakama iliyozitoa. Siombi tuuchukue utaratibu huo wote, kwa kuwa orodha ndefu ingeturudisha kule tulikotoka. Ningependa Bunge lifikirie mlango mmoja mdogo tu: amri ya kukataa zuio pale ambapo mali inayogombewa ni makazi na mnada umekwisha kutangazwa, rufaa isikilizwe kwa haraka na jaji mmoja, kwa hoja za maandishi, ndani ya muda uliopangwa na sheria, na jalada la msingi libaki mahakama ya chini likiendelea na mashahidi. Siku hizi majalada yanasomeka kwa njia ya kielektroniki, kwa hiyo ile sababu ya zamani ya shauri kusimama kwa kuwa jalada limesafiri imepungua uzito.

Na kwa waheshimiwa mahakimu nina ombi ambalo halihitaji Bunge. Mnapokataa kielelezo, kuahirisha, au marekebisho, tafadhali andikeni sababu siku hiyohiyo, hata zikiwa sentensi mbili, badala ya kuandika kwamba sababu zitatolewa katika hukumu. Sababu zinazoandikwa miezi minane baadaye, hakimu akiwa ameshasikia ushahidi wote na kujua shauri linaelekea wapi, si lazima ziwe zile zilizomwongoza siku ile. Na mdaawa ambaye sheria imemtaka avumilie hadi mwisho anastahili kujua tangu mwanzo ni kitu gani hasa atakachokwenda kukipinga.